Toleo la kwanza la katuni ya mpira: uwanjani mambo safi, ziwani bado

Nimelichukua kwa muuza magazeti Barabara ya Kenyatta, hapa hapa mjini Mwanza. Jalada ndilo lililonivuta: kijana kabana mpira kwapani, nyuma yake mawe yamebebana kama haya ya kwetu. Si vichekesho vya kurasa mbili tatu, ni hadithi ndefu itakayoendelea toleo kwa toleo. Timu ya mtaani inavuka maji kwenda kucheza fainali kisiwani, kombe linaibwa usiku wa kuamkia mechi, na wachezaji wenyewe wanageuka wapelelezi.

Kwenye mpira mchoraji amenikamata kabisa. Kuna ukurasa mzima wa mpira wa kurusha tu. Beki wa pembeni anafuta viganja kwenye jezi, namba tisa anajivuta taratibu nyuma ya mabeki, mpira unamkuta amebaki yeye na kipa. Mabeki wamenyoosha mikono, mmoja mdomo wazi anamtazama mshika kibendera. Kibendera kiko chini. Bao! Hakuna hata mstari mmoja wa maelezo. Mpwa wangu alipofika hapo akaruka: "Anko, hapa wamechemka, huyu kaotea!" Hajaotea. Kuotea ni kupokea pasi ukiwa umeshawapita mabeki, na mpira wa kurusha hauna hilo, sawa na kona na goli kiki. Tulibishana mpaka chai ikapoa, na nahisi ndicho alichokitaka mchoraji.

Tobo (mpira kupitishwa katikati ya miguu) na kanzu (kupitishwa juu ya kichwa) nazo zimechorwa na mtu aliyewahi kupigwa. Na maneno ya mashabiki ni yale yale ya jukwaani Nyamagana, makali yakiwa yamepunguzwa kwa ajili ya watoto. Mmoja anamuuliza refa, "Hayo macho umeazima?"

Wakishaingia ziwani, hadithi inapwaya. Safari ya usiku ina mwezi mpevu angani, na chini yake karabai za wavuvi wa dagaa zimetapakaa hadi macho yanapoishia. Picha inapendeza, sikatai. Ila muulize yeyote pale soko la samaki la Mwaloni, Kirumba: dagaa hufuata taa kukiwa na giza. Mwezi ukiwa mkubwa mitumbwi inapumzika, watu wanashona nyavu. Sasa mwizi wa kombe anatambuliwa kwa mwanga wa karabai, na huo ndio ushahidi pekee walio nao. Mwezi wote huo, karabai ya nini?

Hilo ningelimeza. Kilichoniudhi ni kivuko kilichojaza mashabiki mpaka kimelala ubavu, halafu eti tucheke. Igoma kuna makaburi ya waliokufa meli ya MV Bukoba ilipozama mwaka 1996, na mwaka 2018 kivuko cha MV Nyerere kikazama pale Ukara. Msomaji wa huku hacheki na picha ile, na mhariri alitakiwa kulijua hilo kabla ya kupeleka kitabu mtamboni.

Karatasi ni ya kawaida, wino unabaki kidoleni, na pini za nakala yangu zimeshaachia kurasa za katikati. Kwa mtoto anayeazimisha darasa zima, kitabu hakimalizi wiki.

Toleo linakatika penati imeshatengwa na kipa anatemea glavu mate. La pili nitalinunua kwa ajili ya penati hiyo. Kombe hata wasipolipata, sawa tu.