Kuanzisha uchungu: puto au misoprostoli?

Mlango wa kizazi ukiwa bado mgumu na umefunga, mkunga hawezi kukimbilia dripu ya oksitosini, dawa ya kuchochea mikazo ya kizazi. Lazima kwanza ulainike, na hapo ndipo njia hizi mbili hushindana.

Ya kwanza ni mpira uleule wa kutolea mkojo, ambao hupitishwa kwenye mlango wa kizazi, kisha puto lake hujazwa maji safi, aghalabu mililita 30 hadi 60, likakandamiza mlango kutoka ndani mpaka ufunguke sentimita 3 au 4, na puto likatoka lenyewe. Halichochei mikazo kupita kiasi kama dawa, lakini mara nyingi oksitosini huhitajika baadaye.

Misoprostoli ilitengenezwa kwa ajili ya vidonda vya tumbo, na kidonge chake cha kawaida kina mikrogramu 200, ilhali dozi ya kumeza ya kuanzisha uchungu ni 25 tu kila baada ya saa 2. Kukikata vipande vinane kwa wembe ni kubahatisha. Heri kukiyeyusha katika mililita 200 za maji, kutikisa chupa, na kumpa mama mililita 25.

Katika utafiti uliofanyika India na kuchapishwa mwaka 2017, asilimia 57 ya waliomeza misoprostoli walijifungua kwa njia ya kawaida ndani ya saa 24, dhidi ya 47 waliowekewa puto. Hata hivyo, kwa mwenye kovu la upasuaji wa kizazi ningechagua puto bila kusita, kwa sababu misoprostoli huongeza hatari ya kizazi kupasuka.