Minara ya Washington Usiku: Tathmini ya Ziara ya Basi ya Muda wa Saa Tatu

Mjomba wangu, mwalimu mstaafu wa historia kutoka Mombasa, alipokuja kututembelea hapa Maryland mwezi wa Oktoba, ombi lake la kwanza lilikuwa kuiona minara ya Washington, na kwa kuwa mchana nilikuwa kazini, nilikata tiketi mbili za ziara ya usiku yenye mwongozaji. Naandika tathmini hii kwa ajili ya ndugu wanaopokea wazee kutoka nyumbani na kuniuliza kama ziara ya aina hii inastahili fedha inazodai. Kwa maoni yangu inastahili, lakini thamani yake inategemea jambo ambalo matangazo hayalitaji, nalo ni dakika unazopewa za kushuka garini na kusimama mbele ya kila ukumbusho.

Ni haki msomaji ajue mapema kwamba minara hiyo haina kiingilio. Inatunzwa na idara ya Hifadhi za Taifa, iko wazi saa 24, na watumishi wa idara huwapo hadi saa nne usiku kujibu maswali ya wageni. Anayelipa karibu dola 60, kama tulivyolipa sisi kwa kila mtu, ananunua vitu viwili: usafiri, kwa sababu kutoka Jengo la Bunge hadi Ukumbusho wa Lincoln ni zaidi ya kilomita 3 na kupata maegesho ni taabu, na ulimi wa mwongozaji. Basi letu dogo, la abiria wasiozidi 25, liliondoka karibu na kituo cha treni cha Union Station saa moja, giza likianza kuingia, nalo lilitakiwa kuturudisha hapo hapo saa nne.

Kwa upande wa ulimi sina lawama hata kidogo. Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo, mzaliwa wa mji huo, aliyezungumza bila kusoma karatasi na aliyejua kumwonyesha mgeni kitu kimoja kidogo ambacho macho yake yenyewe yangekipita. Kwenye Mnara wa Washington alitusimamisha kwenye nyasi, akatutaka tuupandishe macho polepole kuanzia chini hadi tuone mahali rangi ya jiwe inapobadilika, kiasi cha mita 46 kutoka ardhini. Hapo ndipo ujenzi ulioanza 1848 ulipokwama fedha zilipokauka, na kwa zaidi ya miaka 20, ikiwemo miaka ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, mji mkuu ulikaa na kisiki katikati yake. Kazi iliporejewa marumaru ilitoka kwenye machimbo mengine, na mshono huo haujafutika hadi leo. Mnara ulikamilika 1884 ukiwa na mita 169, ukafungwa kileleni kwa kipande cha alumini, madini yaliyokuwa adimu wakati huo, na ukawa jengo refu kuliko yote duniani hadi mnara wa Eiffel ulipoupita 1889. Mjomba, ambaye amefundisha tarehe kwa miaka 35, aliniambia kwa sauti ya chini kwamba huyu ni mwalimu.

Lawama yangu ya kwanza ni ya kipaza sauti cha ndani ya basi, kilichokuwa kikikatika tangu tulipoondoka, hata abiria wa viti vya nyuma wakawa wanaona midomo ikicheza bila kusikia neno. Sisi tulikaa kiti cha nne na tuliambulia nusu. Kwa huduma inayouza maneno, hilo si dosari ndogo, na dereva angeweza kulikagua kabla ya abiria kupanda.

Hatukushushwa kwenye Makumbusho ya Taifa ya Historia na Utamaduni wa Wamarekani Weusi, yaliyofunguliwa 2016, kwani usiku yamefungwa. Lakini basi lilipunguza mwendo, na ninamshauri kila anayepita hapo akae upande wa dirisha linaloyaelekea. Jengo limevikwa nguo ya alumini yenye rangi ya shaba, iliyotobolewa kama nakshi, na taa za ndani hupenya kwenye matundu hayo hadi ngazi zake tatu zikaonekana kama vikapu vilivyopandana vyenye kaa la moto ndani. Nilimweleza Mjomba kwamba msanifu wake mkuu, David Adjaye, ni mtoto wa mwanadiplomasia wa Ghana aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1966. Akageuka kulitazama tena hadi likatoweka nyuma yetu.

Kituo cha Vita vya Pili vya Dunia kilikuwa cha dakika kumi, nazo zinatosha. Ni uwanja mpana wenye nguzo 56 na chemchemi, wa kupendeza kwa picha, na jambo la kutafuta hapo ni ukuta wa nyota 4,048 za dhahabu, kila nyota ikisimama badala ya Wamarekani 100 waliokufa.

Kwa Martin Luther King tulipewa dakika 20, na huu ndio ukumbusho ambao kwa maoni yangu unapendeza zaidi usiku kuliko mchana. Unaingia kwa kupita katikati ya mlima wa jiwe uliopasuliwa vipande viwili, na kipande cha tatu, kama kwamba kimechomolewa humo, kimesogezwa mbele hadi ukingo wa maji. Kwenye kipande hicho ndipo King ametokeza, mikono ameikunja kifuani, urefu wake mita 9. Wazo lote limetoka kwenye sentensi yake ya 1963 kuhusu kuchonga jiwe la matumaini kutoka katika mlima wa kukata tamaa. Mchana jiwe hilo jeupe humeza sura, lakini usiku taa humpa vivuli chini ya macho na kwenye mikunjo ya koti, na ng'ambo ya maji unaona kuba la Ukumbusho wa Jefferson likiwaka. Mwongozaji alitukumbusha kwamba aliyeuzindua rasmi, tarehe 16 Oktoba 2011, ni Barack Obama, na alipotutambua kuwa ni watu wa Kenya akatupungia mkono kwa furaha ya kweli.

Tiketi yetu ilitaja pia Ukumbusho wa Franklin Roosevelt, ambao uko jirani kabisa na hapo. Tuliupita kwa dirishani. Kuta zake ni ndefu, na vyumba vyake vinne visivyo na paa, pamoja na maporomoko ya maji, vyote viko upande wa ndani, kwa hiyo kutoka barabarani hakuna unachokiona isipokuwa miti. Kampuni inayoandika kwamba mteja atautembelea, kisha ikampitisha kando yake bila kusimama, haijatimiza ahadi, na neno la kufaa kwenye tiketi lingekuwa kwamba tutapita karibu nao.

Kosa kubwa zaidi lilikuwa kwenye kituo cha mwisho. Ukumbusho wa Lincoln, wa Vita vya Korea na wa Vita vya Vietnam viko karibu karibu, kwa hiyo kampuni huvihesabu kuwa kituo kimoja, na kwa vyote vitatu tulipewa dakika 45. Kijana mwenye haraka anaweza kuvimaliza. Mjomba ana miaka 74 na anatembea na mkongojo, na kutoka uwanjani hadi miguuni pa Lincoln kuna ngazi 58.

Alizipanda zote, akipumzika mara mbili, na hakujuta. Lincoln ameketi humo ndani, mita karibu 6 kwenda juu, amechongwa kutoka katika vipande 28 vya marumaru vilivyounganishwa kwa ustadi hata huoni viungo, mkono mmoja umekunja ngumi na mwingine umelegea. Mwongozaji alituelekeza kwenye ukuta wa kaskazini tukatafute neno ambalo mchongaji alianza kwa herufi E badala ya F, akalazimika kuuziba mstari wa chini, na kweli kovu lake linaonekana. Kisha akatusimulia jambo ambalo Mjomba ameendelea kulirudia hadi leo: siku jengo hili lilipozinduliwa, Mei 1922, Robert Moton, Mmarekani Mweusi na mkuu wa chuo cha Tuskegee, alikuwa miongoni mwa wasemaji, na huku yeye akihutubu, wageni Weusi waliketishwa sehemu yao ya pembeni, mbali na Wazungu, mbele ya sanamu ya mtu aliyetia sahihi tangazo la kuwaachia huru watumwa. Miaka 17 baadaye Marian Anderson, aliyenyimwa ukumbi mjini humo kwa sababu ya rangi yake, aliimba kwenye ngazi hizo hizo siku ya Pasaka mbele ya watu wapatao 75,000, na Agosti 1963 King akasimama hapo. Ngazi aliyosimama imechongwa maandishi, na watu huinama kuigusa.

Kwenye Korea tulipita kwa mwendo wa kawaida. Askari 19 wa chuma cha pua, wamevaa makoti ya mvua, wanatembea kwenye vichaka vifupi huku kila mmoja akimulikwa kwa taa yake, na ukuta laini wa kando unawaakisi wakawa 38, idadi inayokumbusha mstari wa 38 uliokuwa ukiigawa nchi hiyo vita vilipoanza. Chini, ukingoni mwa njia, yameandikwa majina ya mataifa 22 yaliyoshiriki, na Mjomba aliinama hadi akaikuta Ethiopia.

Tulipofika kwenye ukuta wa Vietnam zilikuwa zimebaki dakika 11. Ukuta huu ulizinduliwa Novemba 1982 kwa mchoro wa Maya Lin, aliyekuwa mwanafunzi wa Yale mwenye miaka 21 mchoro wake ulipochaguliwa kati ya 1,421. Ni pande mbili za graniti nyeusi, kila upande mita 75 hivi, zinazoanza zikiwa fupi kama goti la mtoto na kupanda kadiri njia inavyoteremka, hadi zinapokutana juu ya kichwa chako. Majina yanazidi 58,000. Hayakupangwa kwa alfabeti wala kwa cheo, bali kwa siku mtu alipouawa au kupotea, kwa hiyo waliokufa pamoja wamelala pamoja kwenye mistari ile ile. Karibu na kila jina kuna alama ndogo, umbo la almasi kwa aliyethibitishwa kufa na msalaba kwa aliyepotea. Mchana jiwe hilo huakisi anga na nyasi. Usiku taa ndogo za chini hulimulika kutoka miguuni, kila herufi ikajaa kivuli chake, na unachokiona nyuma ya majina ni uso wako mwenyewe, hafifu. Mjomba aliweka kidole kwenye jina moja akalifuata herufi kwa herufi, kama afanyavyo mtoto anayejifunza kusoma.

"Mwanangu," akaniambia, "hawa wameandikwa wote."

Nilijua anakowaza. Babu yake mzaa baba alichukuliwa kuwa mpagazi katika Vita Kuu ya Kwanza, katika jeshi lile la wachukuzi ambalo jina lake la Kiingereza, Carrier Corps, ndilo watu wetu waliligeuza likawa Kariakoo kule Dar na Kariokor kule Nairobi, akaenda asirudi. Kenyatta Avenue, Nairobi, kuna sanamu za askari na mpagazi zilizosimamishwa 1928, na maandishi yake yanaahidi kwamba ukipigania nchi yako, hata ukifa, wanao watalikumbuka jina lako. Jina lenyewe halikuandikwa, la babu wala la mpagazi mwingine yeyote.

Wakati huo huo simu yangu ikalia. Dereva alikuwa anatuita. Mwongozaji alitutetea, hilo nililisikia kwa masikio yangu, lakini ratiba si yake. Tuliondoka mbio mbio, Mjomba akishika mkono wangu, na tukawa wa mwisho kupanda. Kesho yake niliiandikia kampuni. Walijibu baada ya siku mbili kwa adabu, wakaomba radhi kwa kipaza sauti, na suala la muda na la Roosevelt hawakuligusa. Nampa mwongozaji nyota tano na mpango wa ziara nyota mbili, na bakshishi ya dola 20 niliyomwachia mama yule ningemwachia tena.

Ukienda na mzee, basi, uliza kwa maandishi kabla ya kulipa: ni vituo vingapi vya kushuka, na dakika ngapi kwa kila kimoja. Chagua mpango wenye vituo vinne vya kutulia kuliko wenye vituo tisa vya kuchungulia. Beba sweta hata kama mchana kulikuwa na joto, maana upepo wa kwenye maji ni mkali, na vaa viatu vya kutembelea. Kaa mbele.

Jumamosi tuliyorudi wenyewe tulipanda treni ya chini ya ardhi hadi Foggy Bottom, tukatembea karibu nusu saa polepole, na nauli yetu sote wawili haikufika hata sehemu ndogo ya tiketi moja ya basi. Hatukwenda popote isipokuwa kwenye ukuta. Pembeni yetu mwanamume mmoja alikuwa ameegemeza karatasi juu ya jina na kulipaka kalamu ya risasi hadi herufi zikatokea nyeupe. Akaikunja, akaitia mfukoni, akaondoka. Mjomba alihesabu majina ya mstari mmoja, akahesabu mistari ya ubao mmoja hadi mahali macho yake yalipofika, kisha akarudi hadi mwanzo wa ukuta na kuanza kuupima kwa hatua, mkongojo ukigonga kwenye njia, midomo yake ikihesabu. Alipofika mwisho wa upande wa pili alikaa kimya kidogo, akaniambia kwamba Kariakoo ingetaka ukuta mrefu kuliko huu.