Zoeller M53: pampu ya besimenti, baada ya zulia kuloa

Mimi mtoto wa Likoni, na kwetu pampu ni ya kupandisha maji kwenye tangi. Kwamba mtu hununua pampu ili ayatupe maji, nilikuja kulijua hapa Minnesota, theluji ilipoyeyuka mwezi wa nne na shimo la kukusanyia maji kwenye kona ya besimenti, kile chumba cha chini ya nyumba, likafurika hadi zuliani.

Pampu niliyoikuta humo, ya plastiki, haikuwa imeungua. Boya lake, ambalo likipanda na maji ndilo huwasha swichi, lilielea kwa waya mrefu, na shimo lenyewe upana ni inchi 14 tu; boya likajibanza ukutani, swichi isishtuke. Nililigusa kwa mpini wa ufagio, mota ikanguruma. Zulia lilishakwenda.

Dukani kijana akanisukumia ya nguvu za robo tatu ya hospawa, eti kubwa ndiyo bora. Kwa shimo dogo? Italikausha kwa sekunde chache, izime, iwake tena, na kuwaka-kuzima huko ndiko kunakoua mota. Nikachukua M53: theluthi ya hospawa, bodi ya chuma kizito, boya limeshikizwa kwenye pampu yenyewe, halitangitangi. Zile galoni za herufi kubwa kwenye maboksi zisikubabaishe. Pima kimo kutoka shimoni hadi bomba linapotokea nje, ndipo usome jedwali la galoni kwa kila kimo. Kwangu ni futi 9 na ushei; M53 kwenye futi 10 hutoa galoni 34 kwa dakika, karibu lita 130. Yatosha.

Valvu ya kuzuia maji yasirudi huuzwa kando na pampu, usitoke dukani bila hiyo. Chini yake toboa bomba tundu la milimita 5 hivi, lielekee shimoni, la sivyo hewa hunasa na pampu ikazunguka bure. Mimi nilisahau, nikafungua kazi ya asubuhi nzima. Tundu hilo hurusha maji kidogo pampu ikiwaka. Si kuvuja huko.

Huu msimu wa pili. Kila mwezi namwaga ndoo mbili shimoni kuijaribu: boya lapanda, maji yatoka, valvu yapiga "du!", na mke wangu huko juu auliza nani anabisha hodi.

Ila umeme ukikatika, nao hukatika dhoruba ikiwa imepamba moto, pampu yoyote ya aina hii ni jiwe tu majini. Sasa natafuta ya akiba, ya betri. Aliyenayo aniambie yake hudumu saa ngapi.