Matembezi ya jioni ya sanamu za Nairobi: wamemnyamazisha mtu aliyekuwepo

Kama una mzee nyumbani unayetaka kumfurahisha, usimpeleke kwa hawa watu wa kampuni ya matembezi. Kama ni wewe na rafiki zako, nendeni, huenda mkafurahia, kwa sababu kuna sehemu ya jioni ile iliyokuwa nzuri kweli na nitaieleza hapa chini bila kuificha. Lakini yaliyotokea mbele ya sanamu ya Tom Mboya, yule waziri aliyeuawa 1969, bado yamenikaa kooni, na siwezi kuandika kuhusu sehemu nzuri kabla hamjajua nina hasira.

Mjomba wangu alikuja kutoka Voi kwa ajili ya kliniki ya macho. Amepita miaka sabini. Ujana wake aliutumia hapa Nairobi, akijifunza kushona nguo River Road, na mpaka leo barabara nyingi za mjini anazitaja kwa majina yake ya zamani. Nilimwona anashinda sebuleni akitazama taarifa za habari zilezile, nikaona nimtoe. Hawa wana matembezi ya miguu ya jioni katikati ya jiji, wanapita kwenye sanamu na minara ya kumbukumbu taa zikiwa zimewashwa. Nikaweka nafasi. Jamaa wa ofisini alinipigia kuthibitisha, nikamwambia waziwazi: nakuja na mzee, anatembea polepole, na Kiingereza kikienda kasi kinampita. Akanijibu, "Karibuni sana, kijana wetu anazungumza lugha zote mbili." Nilimwamini.

Tukakutana uwanjani KICC, lile jumba la mikutano la katikati ya jiji, jua likizama. Kundi lilikuwa dogo: mume na mke wazungu, vijana kutoka Uganda, mama mmoja wa Kisumu na bintiye, na sisi. Mwongozaji ni kijana mtanashati, sauti nzuri, kofia ya kampuni. Akaanza na Mzee Kenyatta aliyeketi pale kwa shaba, akatueleza kwamba aliyeichonga ni Mwingereza, James Butler, na kwamba jengo lenyewe lilikamilika 1973. Yote kwa Kiingereza, na kwa kasi. Mjomba akaniinamia akaniuliza anasema nini, nikamtafsiria. Nikajua ni mwanzo tu, kijana anajipasha moto.

Kwa Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau, kule kwenye barabara yenye jina lake, ikawa vilevile. Alisema mambo ya kweli: alinyongwa Kamiti tarehe 18 Februari 1957, na sanamu ikafunguliwa 2007, miaka hamsini baadaye. Yule mama wa Kisumu akauliza kwa Kiswahili kama familia ilipata kuonyeshwa kaburi. Swali zuri, na ni swali la nchi nzima, maana huyo ni mtu aliyezikwa na serikali ya kikoloni pasipojulikana, na mjane wake Mukami akaishi hadi 2023 akiendelea kudai mabaki ya mumewe. Kijana akajibu kwa Kiingereza, sentensi moja, akitazama saa. Mama akanyamaza. Hapo ndipo nilipoanza kumtazama huyu kijana kwa jicho jingine.

Sasa sehemu nzuri. Tulipofika Kenyatta Avenue, kwenye wale wanaume watatu wa shaba ambao watu wengi wa mjini hupita kila siku bila kuinua macho, kijana alibadilika kabisa. Ni mnara wa askari Waafrika na wapagazi wa Vita vya Kwanza vya Dunia, na maandishi yake yako kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili. Akachuchumaa, akawasha tochi ya simu, akatusomea Kiswahili chake polepole mpaka pale wapagazi wanapoitwa miguu na mikono ya jeshi. Kisha akasimama, akaeleza. Kwamba jeshi la Waingereza lilipomfukuza Mjerumani kupita Tanganyika hapakuwa na barabara za magari, na farasi na punda walikufa kwa mbung'o, basi kila sanduku la risasi na kila gunia la unga lilikwenda kichwani mwa mtu. Kwamba makumi ya maelfu ya wapagazi hawakurudi, na waliouawa na maradhi na njaa walikuwa wengi kuliko waliouawa na risasi. Kwamba mtaa wa Kariokor, pale tunapokwenda kula nyama na kununua viondo, umebeba jina la kikosi chao, Carrier Corps. Mjomba aliishi Kariokor! Alishika mkono wangu kwa nguvu. Akasema, "Nimelala pale miaka yote ile na hakuna aliyeniambia." Kama matembezi yangeishia hapo ningewapa nyota tano na ningewatumia nusu ya ukoo wetu.

Ndiyo maana hasira yangu ni kubwa zaidi. Huyu kijana hakushindwa Kiswahili, wala hakukosa elimu. Anaweza. Alichagua nani wa kumpa.

Tukashuka hadi Archives, jengo la nyaraka za taifa. Mnajua pale jioni: wahubiri na vipaza sauti vyao, makanga wanaita, wapiga picha, watu wanaosubiriana wakiwa na simu sikioni, na Mboya amesimama juu yao wote pamoja na wale ndege heroe wa mnara wake. Kijana akaanza kueleza vizuri, safari za ndege zilizowapeleka wanafunzi wetu Marekani, vyama vya wafanyakazi, uwaziri wa mipango ya uchumi. Kisha akaelekeza mkono upande wa pili, nyuma ya jengo, akawaambia wageni kwamba Mboya alipigwa risasi kule, kwenye barabara iliyopewa jina lake, Tom Mboya Street, na ndiyo sababu ikapewa jina hilo.

Si kweli. Alipigwa risasi huku huku tulikosimama, kwenye Moi Avenue, ambayo wakati ule ikiitwa Government Road, akitoka kwenye duka la dawa la Chhani, Jumamosi mchana, tarehe 5 Julai 1969. Alikuwa na umri wa miaka 38. Ile ya nyuma ilikuwa Victoria Street, na jina la Mboya ililipata baadaye. Mtu akikosea jina la mchongaji namsamehe. Hiki ni kifo kilichoitikisa nchi, na sanamu iliwekwa pale, hatua chache na lilipokuwa duka lile, kwa sababu hiyo hiyo. Unasimamaje chini yake ukawapeleka watu barabara nyingine?

Mjomba hakuelewa Kiingereza chote, lakini mkono aliuona na majina ya barabara aliyasikia. Akasema kwa upole, kwa Kiswahili chake cha Kitaita, "Mwanangu, si kule. Ni hapa. Nilikuwepo siku ile."

Nilikuwepo siku ile! Ungekuwa wewe ndiwe mwongozaji, kazi yako ni kuwaonyesha watu kumbukumbu za jiji hili, na mzee anakuambia maneno hayo matatu bure, ungefanya nini? Mimi ningemkalisha kwenye ukingo wa mnara na kumwomba aanze mwanzo. Wale vijana wa Uganda walikwisha geuka kumtazama. Yule mzungu alikuwa anauliza mzee anasema nini.

Kijana akatabasamu, tabasamu la kumfukuza mtoto jikoni, akasema, kwa Kiswahili safi kabisa ambacho tangu KICC sisi tulinyimwa: "Mzee wangu, hizo hadithi utawasimulia wajukuu nyumbani. Hapa watu wamelipia muda."

Watu wamelipia muda. Na sisi tulilipa! Tulilipa siku tatu kabla, kwa simu, na ujumbe ninao. Nikamwambia hivyo mbele ya wote, na nikamwambia pia kwamba mzee ni sahihi na yeye ndiye amekosea. Akajibu kwamba anafuata maelezo aliyopewa na kampuni na kwamba ana cheti. Kisha akageuka, akaanza kutembea, na kundi likamfuata kwa sababu giza limeingia na hakuna anayetaka kuachwa nyuma Archives na simu mkononi. Mjomba hakusema neno tena. Mtu ambaye nusu saa kabla alikuwa ananishika mkono kwa furaha alitembea hadi mwisho akiwa ameinamisha kofia yake.

Kituo cha mwisho kilikuwa bustani ya kumbukumbu ya Agosti 7, kwenye kona ya Haile Selassie. Lango lilikuwa limefungwa, tukasimama nje ya uzio. Watu 213 walikufa hapa Nairobi asubuhi ile ya Ijumaa mwaka 1998, bomu lilipolipuliwa kwenye ubalozi wa Marekani, na ukuta wa majina yao uko mle ndani. Sikumbuki kijana alisema nini. Sikuwa nikisikiliza.

Tulipomaliza nilimpeleka mjomba kunywa chai kwenye hoteli moja ya Latema Road, na pale ndipo alipoyasema aliyokatazwa. Nayaandika kwa sababu yalistahili kusikiwa na wale watu wengine. Bosi wake alikuwa amemtuma Biashara Street kununua vifungo na uzi mweusi. Alipokuwa anavuka Government Road akaona watu wanakimbia kuelekea upande mmoja, naye akakimbia nao bila kujua ni nini. Hakuona risasi ikipigwa, alisisitiza hilo mara nyingi, "Sitaki kusema nilichokuwa sijaona." Aliona watu wamejazana mlangoni pa duka la dawa, na polisi wanasukuma, na mwanamke mmoja aliyekuwa amekaa chini katikati ya barabara analia kwa Kijaluo. Alipokimbia kurudi, barabara ilikuwa na viatu, kimoja kimoja, vilivyowatoka watu. Bosi alifunga cherehani, akawaambia waende kwao kwa miguu na wasiongee na mtu njiani. Siku ya misa ya Mboya pale kanisa la Holy Family, polisi walipopiga umati gesi ya machozi, yeye alikuwa ndani ya duka na macho yakamwasha mpaka huko. Chai yake ilipoa. Mhudumu aliyekuja kutoa vikombe alisimama na trei mkononi akisikiliza mpaka mwisho.

Hayo ndiyo walidhani hayafai kwa wateja wao.

Kesho yake niliwaandikia. Sikutukana. Nilieleza kosa la barabara, nikaeleza na maneno aliyoambiwa mzee. Jibu lilikuja: wanasikitika kwa usumbufu, mwongozaji wao amehitimu, na wananipa punguzo nikirudi tena. Kuhusu Government Road, kimya. Kuhusu mjomba, kimya. Nikawaandikia tena kwamba punguzo silitaki. Ninataka yule kijana ampigie mzee simu amwambie samahani, jambo la dakika mbili, na ninataka warekebishe maelezo yao kabla hawajampeleka mgeni mwingine kule nyuma. Wakaniwekea ile alama ya dole gumba. Dole gumba!

Nilipoanza kuandika haya nilikuwa nimeamua nyota mbili, kwa ajili ya wapagazi. Nikirudia kusoma yale maneno ya "wajukuu nyumbani" nashuka hadi moja. Kisha nakumbuka tochi ile na uso wa mjomba aliposikia habari ya Kariokor, mtaa alioishi bila kujua unawabeba watu gani, na napanda tena, kwa sababu ni kweli nilijifunza jambo kwa huyu kijana, na ni kweli pia kwamba mji huu una watu wachache mno wanaojua kuusimulia hata tuwafukuze wanaojua. Kijana wa namna ile akifundishwa kusikiliza wazee, atakuwa bora kuliko wote wanaofanya kazi hii mjini. Kwa sasa hajafundishwa, na wakubwa wake hawaoni tatizo.

Basi naacha moja. Mtu akiniuliza ataonaje sanamu hizi jioni, namwambia atembee mwenyewe na mwenzake kabla maduka hayajafungwa, njia ni fupi na nyingi ziko wazi barabarani, lakini Agosti 7 ni afadhali aiendee mchana akute lango liko wazi. Na kama ana mzee aliyekuwa Nairobi miaka ile, amwache mzee atangulie.

Mjomba amesharudi Voi. Nambari yake niliwapa kwenye ujumbe ule wa pili, na anashika simu wakati wowote baada ya sala ya jioni. Wakimpigia, nitarudi hapa nibadilishe nyota. Hadi leo hawajampigia.