Thallumaala: ngumi kibao, ila mziki wake sasa!

Haya wadau, leo sina salamu ndefu maana kuna kitu kimenganda kichwani tangu juzi. Filamu ya Kimalayalam, lugha ya Kerala kule kusini mwa India, Thallumaala, ya 2022, dairekta Khalid Rahman, steringi Tovino Thomas, mnamjua, tusipotezeane muda. Stori? Vijana wa Ponnani, mji wa pwani hukohuko Kerala, wanazichapa. Basi. Wanazichapa harusini, wanazichapa ndani ya sinema, na wengine mpaka wazichape kwanza ndo wanakua marafiki.

Kinachoniudhi ni kwamba imekatwakatwa, mara mbele mara nyuma, ukienda jikoni kuchukua maji ukirudi hujui huyu mbona ana bandeji.

Lakini mziki jamani! Mziki wa Vishnu Vijay! Hapa Maskati nafanya kazi na jamaa mmoja wa Malappuram, hukohuko Kerala, nikamuuliza hili jina maana yake nini, akacheka. Thallu ni kupigana, maala ni kama shada au mkufu, yani ugomvi uliotungwa kama shanga. Kumbe maala pia ni nyimbo za zamani za kusifu mawalii, kuna Muhyiddin Mala ya 1607, kaitunga Kadhi Muhammad wa Calicut kumsifu Sheikh Abdulqadir Jilani. Yani ni sawa na mtu huku kwetu atoe filamu ya ngumi aiite Kasida ya Makonde, hahaha, wazee watakuacha?

Na nyimbo hizo ni za Mappila, Waislamu wa Malabar, pwani ya Kerala, lugha yao waliiandika kwa herufi za Kiarabu kama mabibi zetu walivyoandika tenzi. Ngoma wanayoita daff? Dufu! Dufu hilihili la maulidi!

Ngoja nisogeze maiki mezani. Sikia: pa, papa-pa... pa, papa-pa. Hayo makofi, wana mchezo wa harusi unaitwa oppana, wanawake wanamzunguka bibi harusi wanaimba huku wanapiga makofi. Narudia, usiangalie mkono wangu, funga macho. Pa, papa-pa. Umeshaona ukumbi, si ndio? Udi umefukizwa, shangazi kashasimama. Sasa hiyo raha ya harusi ichukue uitie besi nzito, juu yake aje Dabzee na rap ya kimtaa, ndo wimbo wa Manavalan Thug huo. Manavalan maana yake bwana harusi, ndo jina la utani la steringi! Nimeirudia mpaka jirani kagonga ukuta.

Najua mtaniletea Naatu Naatu, ule wimbo wa filamu ya RRR, kwenye komenti, sawa, ile ilibeba Oscar 2023, miguu yao kwenye kucheza siikatai, ila ile ni Kitelugu na ile unaitazama, hii inakuinua kitini. Tofauti hiyo.

Lawama yangu moja, pale nilipoiangalia wametafsiri matusi yote vizuri sana, nyimbo zikaanza maandishi yakakata. Nalipia kila mwezi halafu nyimbo nitafsiriwe na jamaa kazini wakati wa chai?

Stori naipa tano, aah, sita, zile ngumi za sinema zimeniokolea mtu. Mziki tisa na nusu.

Ijumaa hakuna laivu, nina harusi. Ila wiki ijayo nataka nipige hayo makofi pamoja na dufu hapahapa, langu ngozi imelegea hata nikilipasha moto halilii, mwenye lake Ruwi au Seeb aniandikie hapo chini.