Kihispania: simu au kaunta buku?

Kijana wa Bagamoyo anayetaka kuwatembeza wageni kutoka Hispania kwenye magofu ya Kaole ana njia mbili za bei nafuu: programu ya simu kama Duolingo, au kaunta buku na kalamu.

Kwa msamiati, simu inashinda. Inakutamkia neno, inakurudishia ulilokosea, na unaitumia hata ukiwa kwenye daladala.

Sarufi ni habari nyingine. Kitenzi hablar (kuzungumza), kwa wakati uliopo tu, kina hablo, hablas, habla, hablamos, habláis, hablan. Simu hukuonyesha moja leo, nyingine kesho. Kwenye daftari zote sita zinakaa ukurasa mmoja. Halafu kuna ser na estar, vyote viwili maana yake “kuwa”: “soy de Bagamoyo” (mimi ni wa Bagamoyo), lakini “estoy cansado” (nimechoka). Kwenye skrini unabahatisha tu. Kwenye karatasi lazima utunge sentensi mwenyewe. Jinsia za nomino hazitutishi sana sisi tuliokulia na ngeli, ingawa “el agua fría” (maji baridi) itakusumbua: kibainishi el ni cha kiume, nomino agua ni ya kike.

Mimi ningetenga asubuhi kwa daftari, simu ipate muda wa foleni na safari. Mazoezi yote yasome kwa sauti, majirani watazoea.