Oppenheimer: saa tatu za maneno na bakuli mbili za goroli

"Adui ni nani hapa?"

Kijana aliyekaa mbele yangu alimnong'oneza mwenzake, na hata nusu saa ilikuwa haijaisha. Mwenzake akapandisha mabega. Nilicheka kimoyomoyo, maana swali hilo hata mimi nilikuwa nalo.

Sisi tuliokulia Tandika tulifunzwa filamu na vibanda umiza. Benchi la mbao, joto, vumbi, na sheria mbili tu: steringi hafi, na adui anajulikana mapema. Anayecheka peke yake ndiye huyo. Kaka zangu waliingia kwa mlango, mimi nilichungulia kwenye tundu la bati. Filamu ikipita dakika kumi bila ngumi, mwenye kibanda aliipeleka mbele, la sivyo angezomewa mpaka azime jenereta.

Oppenheimer ya Christopher Nolan, filamu ya mwanafizikia wa Marekani aliyeongoza utengenezaji wa bomu la atomiki, ingemfilisi mwenye kibanda yule. Ina dakika 180, na karibu zote watu wanaongea. Wanaongea darasani, wanaongea kwenye treni, wanaongea kwenye kichumba cha kuhojiwa ambacho hata feni sikuiona. Iligharimu dola milioni 100 hivi, na ukizoea Hollywood ya majengo kuporomoka na magari kuruka, utajiuliza pesa ilikwenda wapi.

Mimi nasema ilikwenda kwenye uso wa Cillian Murphy, anayemcheza Oppenheimer. Walichukua kamera za IMAX, yale madude mazito yanayopiga mikanda mipana kuliko kawaida, ambayo wengine huyatumia kwa milima na vita, wakayasogeza karibu na mashavu ya mtu mmoja aliyekonda. Kwenye skrini kubwa unamwona akifikiri. Unaona kope. Kuna mahali anaulizwa swali la ndiyo au hapana, na kabla hajajibu umeshajua atadanganya na kwamba ataumia.

Kitu kimoja nitakusaidia, maana mimi hakuna aliyenisaidia: sehemu za rangi ni hadithi ikitoka kichwani mwa Oppenheimer mwenyewe, na kurasa zake kwenye muswada Nolan aliziandika kwa "mimi", kama barua. Sehemu za nyeusi na nyeupe zinamfuata Lewis Strauss, mkubwa wa tume ya nishati ya atomiki, anayechezwa na Robert Downey Jr. Kodak walilazimika kutengeneza mkanda wa nyeusi na nyeupe wa ukubwa huo kwa mara ya kwanza kwa ajili yake. Ukilishika hilo, kuruka kwa miaka hakukusumbui tena. Usipolishika, utakuwa kama mume wangu, aliyeniuliza mara nne, "Sasa hii ni kabla au baada?"

Na adui? Aliyekuwa hajaitazama aruke aya hii. Adui ni mtu aliyechekwa. Strauss anapinga kupeleka isotopu, aina za atomi zinazotumika kwenye utafiti, nchi za nje, Oppenheimer anaulizwa hadharani, anajibu kwamba zina umuhimu kidogo kuliko vipuri vya umeme ila zinaushinda mkate wa sandwichi. Ukumbi mzima unacheka. Strauss amekaa pale pale, na uso wake haubadiliki hata kidogo. Kikao cha mwaka 1954 kilichomnyang'anya Oppenheimer kibali cha kuingia kwenye siri za serikali, makaratasi yote yale na mashahidi wote wale, kwenye filamu hii kinaota kutoka kwenye kicheko hicho na kutoka kwenye maongezi mafupi ya Oppenheimer na Einstein kando ya bwawa ambayo Strauss hakuyasikia, akajijazia mwenyewe. Mimi nina duka la steshenari Mbagala na ni katibu wa kikoba. Nimeona vikoba viwili vikivunjika kwa jambo dogo kuliko hilo. Niliamini kila sekunde.

Jaribio lenyewe la bomu, Julai 16, 1945, alfajiri kwenye jangwa la New Mexico, linakuja saa mbili zikikaribia kutimia. Nolan alikataa moto wa kuchorwa kwa kompyuta, wakalipua vitu vya kweli. Niseme ukweli: ule moto ulinipwaya. Ulifanana na lori la mafuta lililoanguka barabarani. Lakini aliyeamua kuzima sauti ana akili. Mwanga unapasuka, halafu kimya, pumzi za mtu tu, zaidi ya dakika nzima. Safu ya nyuma mtu alikuwa anatafuna bisi, nikamsikia vizuri, halafu hata yeye akaacha. Mshindo ulipofika nilimshika mkono jirani yangu nisiyemjua. Alikuwa mama wa makamo, akanishika na yeye.

Kabla ya hapo wanakubaliana na mkewe, Kitty: jaribio likifanikiwa, ujumbe wa siri utakuwa "anua mashuka". Na likafanikiwa, na agizo likatumwa nyumbani: mwambieni Kitty aanue mashuka. Kwetu mtu anaanua nguo akiona wingu. Nililibeba neno hilo mpaka kwenye daladala.

Lawama sasa. Muziki unafunika maneno, na kwa filamu ya maneno hilo si kosa dogo. Ukumbi nilioingia, tena kwa baridi iliyonifanya nijifunike mtandio mpaka puani, haukuwa na maandishi chini. Wanawake wamepunjwa. Emily Blunt, anayemcheza Kitty, anasubiri saa mbili na ushei ndipo apewe kikao chake cha kuhojiwa, akawararua vizuri, kisha basi. Florence Pugh, anayecheza Jean Tatlock, mpenzi wa Oppenheimer, amevuliwa nguo zaidi ya alivyopewa maneno.

Hilo la nguo lilinipata mara ya pili, nyumbani. Nilikodi filamu mtandaoni ili niitazame na shemeji, mume wa dada yangu, dereva wa malori ya kwenda Congo, aliyekuwa Dar anasubiri mzigo. Ilipofika pale, nikakumbuka ghafla kwamba nina maji jikoni. Shemeji naye akaanza kusoma meseji za mwaka jana. Kwa hiyo utafute mtu wa kuitazama naye kabla hujaanza. Bando pia utafute kubwa: langu lilikata wakati wanapandisha bomu mnarani, tukakaa robo saa tunaangalia kiduara kinazunguka. Shemeji akaniambia hata hao wanasayansi hawakusubiri kwa wasiwasi kama ule.

Kiingereza chake ni cha mpakani, kwa hiyo mimi ndiye niliyekuwa natafsiri, Lufufu wa sebuleni. Nilitafsiri kile kikao ambapo waziri anafuta jina la Kyoto kwenye orodha ya miji ya kupigwa, kwa sababu yeye na mkewe walikwenda fungate huko. Shemeji akacheka. Halafu akaacha kucheka, akauliza, "Na ile mingine hakwenda?"

Hiroshima haionyeshwi. Wapo wanaomlaumu Nolan, mimi sikumlaumu, kwa sababu pengo hilo analiacha makusudi na anakulazimisha ulitazame. Kuna ukumbi watu wanashangilia na kupiga miguu kwenye mbao, vishindo ambavyo umekuwa ukivisikia tangu mwanzo bila kujua ni vya nini, na Oppenheimer anahutubia huku anaona ngozi ya msichana ikibanduka. Baadaye wanaonyeshwa picha za waathirika. Kamera haigeuki kwenye picha, inabaki kwake, na yeye anatazama chini. Nilijisikia kama nimegeuza uso mimi.

Ila kuna pengo jingine, na hilo sikuliona mpaka shemeji aliponionyesha. Pale Los Alamos, kwenye maabara ya siri ya bomu, Oppenheimer ana vyombo viwili vya kioo mezani. Kimoja kinajazwa goroli kuhesabu urani iliyosafishwa, kingine plutoni. Kila filamu ikirudi kwenye vyombo vile, goroli zimeongezeka. Ndiyo saa ya filamu: vikijaa, bomu tayari. Kwenye ukumbi niliona ni ufundi mtupu, hesabu ngumu imegeuzwa mchezo wa watoto wa uani.

"Shem, simamisha hapo," akasema. "Hayo ni madini?"

"Urani."

"Wamesema imetoka wapi?"

Sikuwa nimesikia wakisema. Yeye hupakia shaba Kolwezi, na Likasi analala kila safari. Shinkolobwe haiko mbali na Likasi. Mgodi huo wa Katanga ndio uliotoa sehemu kubwa ya urani ya mradi ule, mawe tajiri kuliko yaliyojulikana popote, yaliyochimbwa na kuchambuliwa kwa mikono ya Waafrika chini ya kampuni ya Kibelgiji, Union Minière. Bosi wa kampuni, Edgar Sengier, alishasafirisha zaidi ya tani 1,000 hadi New York mwaka 1940 kwa hofu ya Wajerumani, zikakaa ghalani Staten Island. Mwaka 1942 jeshi la Marekani lilimtuma Kanali Kenneth Nichols akayanunue. Na Nichols yumo kwenye filamu! Dane DeHaan anamcheza, uso wa barafu, anaingia na kutoka. Mtu aliyesaini mzigo wenyewe anakatiza kwenye skrini, na jina la Congo sikulisikia mara zote mbili.

Utasema hadithi iko kichwani mwa Oppenheimer, na kichwani mwake Katanga haikuwemo. Sawa. Lakini Hiroshima hakuiona pia, na Nolan akapata njia ya kuiweka. Kwa Katanga goroli zimetoka mfukoni mwa mtu, basi.

Hata hivyo, mara ya tatu nitaitazama, nikiwa peke yangu na sauti juu. Zile Oscar 7 za mwaka 2024 sizibishi hata moja. Kwangu nyota nne kati ya tano.

Shemeji yeye ametoa tatu. Anasema steringi anaonewa saa nzima na harudishi hata ngumi moja, kibanda kingewaka moto. Alfajiri ya Jumatatu aliondoka na lori kwenda Tunduma, na mwanangu Nasra alikuwa amemkabidhi goroli moja ya kijani, akaiweka pale mbele, karibu na tasbihi yake.